Jicho moja la Finlayson

Nimeirudia Big Business ya mwaka 1929, filamu bubu ya dakika 19 hivi, na safari hii sikuwafuata Laurel na Hardy, wale wachekeshaji wawili wakuu wa filamu hiyo. Nilimkazia macho mwenye nyumba. James Finlayson, Mskoti wa Larbert, mzaliwa wa 1887: kipara, masharubu ya bandia, jicho moja kalifinya na la pili kalitumbua. Kacheza nao filamu 33, na nyingi kati ya hizo kazi yake ni moja tu, kukasirika.

Kukasirika kwake kuna hatua. Anakiona kitu, uso haubadiliki. Anageuka kando, katulia, kana kwamba hakuona neno. Hapo hupita pumzi moja, si mbili. Ghafla shingo inarudi, nyusi moja juu, kichwa kinaruka nyuma, kisha lile jicho linabana polepole. Akiwahi, mtazamaji hajapata nafasi ya kukiona kitu chenyewe, kwa hiyo anaona mtu anakunja uso bila sababu. Akichelewa, watu wameshamtangulia na kicheko kimepoa. Na mwenzake lazima asimame kama mti. Akijikuna tu, macho ya ukumbini yanamhamia yeye.

Ndani ya Big Business wale wawili wanauza miti ya Krismasi kwenye jua la California. Mlango unafungwa, mti unabanwa. Wanabisha tena. Mwishowe mwenye nyumba anachukua mkasi wa bustani na kuukatakata mti. Kuanzia hapo ni deni na malipo: yeye anavunja saa ya Hardy, kisha gari lao zima; wao wanavunja mlango wake, madirisha, mpaka piano. Polisi yuko garini anaandika kwenye daftari.

Ninachokipenda ni zamu. Wao wakibomoa, Finlayson hawazuii. Anasimama, anatazama, anaupima uharibifu, ndipo anakwenda kulipiza. Angewarukia, ingekuwa ngumi, na ngumi huwatia watu hofu badala ya kicheko. Halafu anapanda ngazi kwa ngazi. Angeanza na gari, saa isingekuwa na maana tena.

Mwaka 1927, kwenye Sugar Daddies, yeye ndiye tajiri, Laurel wakili wake, Hardy mtumishi wake wa nyumbani. Waliobaki na jina kubwa ni hao wawili. Nadhani sababu iko kwenye hasira yenyewe: lazima pawepo wa kuichokoza. Mpe Finlayson filamu nzima peke yake, utachoka naye upesi. Mwingize kwa dakika tano mlangoni, utamkumbuka mwaka mzima. (Kwa Saps at Sea ya 1940 hawakuhangaika hata kumtafutia jina, daktari anaitwa Finlayson.)

Filamu zilipoanza kusema, aliongeza mlio: "Dooooh!", ukiburutwa, mahali ambapo mwingine angetukana. Miaka mingi baadaye Dan Castellaneta, sauti ya Homer Simpson, baba wa familia kwenye katuni ya The Simpsons, alikuta kwenye maandishi ameambiwa tu agune kwa kuudhika. Akauchukua mlio wa Finlayson kama ulivyo. Matt Groening, mbunifu wa katuni hiyo, akamwambia aufupishe, kwani katuni haina muda huo. Ndiyo maana wa Homer unakatika papo hapo, na wa Finlayson unaendelea mpaka jicho limalize kubana.