Njia Panda ya Rokudo: Kwa Miguu Kwenye Mitaa ya Mizimu ya Kyoto

Zamani mtu wa Kyoto akivuka mto Kamo kuelekea mashariki, alikuwa ametoka mjini. Ng'ambo ilikuwa Toribeno, uwanda wa mazishi chini ya vilima. Wenye uwezo walichomewa maiti zao huko. Mafukara waliachwa juu ya ardhi, mvua na ndege wakamaliza kazi. Leo pamejaa nyumba, maduka ya vyombo vya udongo na watalii wanaopanda kwenda hekalu la Kiyomizu, na wengi wao hupita bila kujua wanakanyaga wapi.

Ziara yetu ilianzia kwenye daraja la Matsubara, alasiri moja mwanzoni mwa Agosti, jua kali na nyenje wakilia kila mti. Nilikuwa nimetoka Osaka, ninakofanya kazi, kwa ajili ya siku hizi hasa, kwa sababu kuanzia tarehe 7 hadi 10 Agosti watu wa Kyoto huja upande huu kuwaita wafu wao warudi nyumbani. Tulikuwa kikundi kidogo. Mwongozaji, mama wa makamo mzaliwa wa mitaa hiyohiyo, alianza na adabu: tusizibe vichochoro, tusipige picha milango ya watu, tusipaze sauti. Jirani hapo, Gion, wakazi walichoka, na mwaka 2024 wakavifunga vichochoro vyao binafsi kwa watalii. Vibao vinatangaza faini ya yeni 10,000. Mimi nawaunga mkono. Zile ni nyumba za watu.

Kabla hatujasogea alituonyesha jambo ambalo ramani haisemi. Kila Mjapani anajua kisa cha kijana Ushiwaka kupambana na Benkei, pande la mtawa, juu ya daraja la Gojo. Sanamu zao zimewekwa kwenye Gojo ya leo. Lakini mtawala Toyotomi Hideyoshi alilihamisha daraja hilo kusini mwishoni mwa karne ya 16, na Gojo ya kisa chenyewe ndiyo hii Matsubara, daraja jembamba lisilo na sanamu wala umati.

Hekalu la kwanza lilikuwa Rokuharamitsu. Mwaka 951 maradhi ya kuambukiza yaliuvamia mji, na mtawa mmoja aitwaye Kuya akawa anazunguka mitaani akikokota sanamu ya Kannon, mtakatifu wa huruma wa Kibudha, kwenye gari, huku akiwanywesha wagonjwa chai. Hakuwa mtawa wa kukaa ikulu. Alikaa na watu wa sokoni, na maiti zilizotelekezwa alizishughulikia. Humo hekaluni mna sanamu yake ya mbao, iliyochongwa na Kosho katika karne ya 13. Niliisogelea nikaikazia macho. Mwili umekonda, miguu mikavu ndani ya kandambili za majani, kengele bapa kifuani, fimbo yenye pembe ya paa mkononi. Kinywa kiko wazi kidogo, na kinatoa Mabudha sita wadogo, wamesimama mstarini juu ya waya mwembamba. Ni dua yake hiyo, silabi kwa silabi, jina la Budha Amida. Mchongaji ameifanya sauti ionekane. Nimeona makumbusho mengi, lakini mbele ya sanamu hii nilikaa mpaka mama mwongozaji akaniita.

Tukashika njia kuelekea Rokudo no tsuji, njia panda ya njia sita. Kwa mafundisho ya Kibudha, roho baada ya kifo huelekea mojawapo ya sehemu sita: motoni, kwa mizimu yenye njaa, kwa wanyama, kwa wapiganaji wasiotulia, kwa binadamu au mbinguni. Watu waliokuwa wakisindikiza maiti kwenda Toribeno waliagana nayo hapa, ndiyo maana mahali pakaaminika kuwa mpaka. Mimi nimekulia Tanga, ambako njia panda huogopwa; huko ndiko watu wa uganga wanakovunja nazi na kuacha vitu vyao usiku, na mtoto huambiwa asiviguse. Nilipouona mnara mdogo wa jiwe ulioandikwa jina la njia panda hiyo, sikuhitaji maelezo marefu.

Mkabala na kona hiyo kuna duka dogo la pipi. Inauzwa pipi ya aina moja yenye sifa, na kisa chake chatajwa kuwa cha mwaka 1599. Kila usiku, duka likikaribia kufungwa, alikuja mwanamke aliyekwajuka uso, akanunua pipi ya senti moja, akaondoka bila neno. Baadaye kukasikika kilio cha kichanga kutoka ndani ya kaburi. Walipofukua wakamkuta mama amekufa na mtoto aliyezaliwa humo akiwa hai, anamumunya pipi. Yule mnunuzi hakuonekana tena. Mtoto, wanasema, aliingia utawa akiwa na miaka minane na kufariki mwaka 1666 akiwa mtu wa heshima.

Masimulizi mengine yanaongeza jambo lililonichoma zaidi. Maiti huzikwa na sarafu sita za nauli ya kuvukia mto wa ahera. Mama huyu alikuja dukani usiku sita, sarafu moja kila usiku. Nauli yake yote aliitumia kumlisha mwanawe.

Nilinunua pakiti. Ni pipi ya rangi ya kaharabu, imevunjwavunjwa vipande visivyolingana, ngumu kama gubiti, na utamu wake ni wa kimea, hauchomi koo. Wenzangu walitarajia kutishwa, na mmoja aliuliza mbona hadithi ya mzuka haina cha kuogofya. Mama mwongozaji akamjibu kwamba mtaa huu umesindikiza wafu kwa miaka zaidi ya elfu, na kwamba hofu ni sehemu ndogo tu ya kusindikiza. Jibu lile lilinifungulia ziara yote. Kila kisa tulichosikia baada ya hapo kilikuwa cha mtu anayekataa kuachana na mpendwa wake.

Jua lilikuwa linazama tulipoingia hekalu la Rokudo Chinnoji. Hapa ndipo kilipo kisima cha Ono no Takamura. Huyu alikuwa mtu wa kweli, mshairi na afisa wa ikulu aliyeishi kuanzia 802 hadi 852 au mwanzoni mwa 853, mwenye kiburi cha haki: aliwahi kukataa kupanda merikebu ya ujumbe wa kwenda China, akahamishiwa kisiwa cha Oki kwa adhabu. Hadithi zinasema mchana alifanya kazi ya serikali na usiku aliteremka kisimani kwenda kumsaidia Enma, hakimu wa wafu. Siku moja waziri Fujiwara no Yoshimi aliugua akafa, akajikuta mbele ya baraza la Enma. Miongoni mwa makarani akamwona Takamura, ambaye zamani yeye waziri alimtetea alipopata kesi. Takamura akanong'ona na hakimu: huyu ni mtu mnyoofu, msameheni kwa ajili yangu. Yoshimi akazinduka kitandani. Walipokutana ikulu, Takamura alimwomba tu asimwambie mtu. Kisima kiko bustani ya nyuma, mviringo wa mawe chini ya miti, nawe hukiona kwa mbali tu.

Uani, foleni ilikuwa ndefu. Utaratibu ni huu. Langoni unanunua matawi ya koyamaki, msonobari wenye majani marefu mazito, kwa kuwa roho zinaaminika kurudi zikiwa zimepanda majani yake. Mtawa anakuandikia jina la marehemu kwenye kibao chembamba. Kisha unapiga kengele. Kengele yenyewe huioni, imefungiwa ndani ya kijumba, na kamba inatoka tundu la ukutani. Kengele nyingi za mahekalu hupigwa kwa gogo; hii unavuta kamba kwako, kwani unavuta mtu arudi. Sauti yake inasemekana hufika hadi ahera. Mbele yangu alikuwepo bibi aliyeshika kamba kwa mikono miwili, akavuta, akaisikiliza mpaka ikaisha, akavuta tena. Nyuma yake mjukuu wake wa kiume hakumharakisha, na sisi wengine kwenye foleni vilevile. Baada ya hapo alikifukiza kibao chake kwenye moshi wa ubani, akakipeleka mbele ya sanamu za Jizo, mlinzi wa roho za wafu, na kukinyunyizia maji kwa tawi lake. Roho zikishakaribishwa hukaa na jamaa zao, na tarehe 16 Agosti huagwa kwa mioto mikubwa inayowashwa kwenye milima mitano kuuzunguka mji.

Mimi sikuandika kibao, dini yangu ina njia yake. Nilimsomea bibi yangu Fatiha kimoyomoyo nikiwa nimesimama kando ya ukuta. Yeye ndiye aliyenifundisha kuwa hadithi husimuliwa usiku.

Kesho yake mama mwongozaji alitupeleka Ichijo, iliyokuwa barabara ya mpaka wa kaskazini mji ulipoasisiwa mwaka 794. Hapo juu ya kijito cha Horikawa kuna Modoribashi, daraja la kurudi, fupi, la zege, limejengwa upya mwaka 1995. Inasimuliwa kwamba mwaka 918 jeneza la msomi Miyoshi Kiyotsura lilikuwa linavushwa hapo mwanawe Jozo alipowasili mbio kutoka milima ya Kumano. Aliling'ang'ania akaomba, na baba akafumbua macho wakaagana. Tangu hapo maharusi hulikwepa daraja hili, wasije wakarudi kwao. Ila wakati wa vita, vijana walioitwa jeshini walikuja kulivuka kwa makusudi, na mama zao pamoja nao.

Lina visa vingine tele. Samurai Watanabe no Tsuna alikutana hapo na msichana aliyeomba kusindikizwa usiku, akageuka zimwi, akamkamata nywele. Tsuna akaukata mkono wa zimwi kwa upanga. Na Abe no Seimei, mnajimu wa ikulu aliyefariki mwaka 1005, aliwaficha chini ya daraja watumwa wake wa kiroho, maana mkewe aliziogopa sura zao. Anayewajua waganga wa pwani na majini wanaowatuma hatashangaa. Hekalu la Seimei liko hatua chache kutoka hapo, na nyota yake yenye pembe tano imechorwa kila mahali. Kwangu mimi lilijaa mno biashara ya hirizi, nikatoka mapema.

Tulimalizia magharibi zaidi, mtaa wa maduka wa Taishogun. Imani ya kale husema chombo cha nyumbani kikitimiza miaka mia hupata roho, kwa hiyo watu walivitupa kabla havijafika. Vyombo vikakasirika, vikaandamana usiku kupitia Ichijo: miavuli, vyungu, viatu vya majani, vyote vina macho na miguu. Wenye maduka wa leo wameviwekea vinyago milangoni walivyobuni wenyewe kwa mabaki ya vitu, na muuza mboga mmoja alitueleza kwa dakika nyingi jinsi alivyounda chake, akitugeuzia nyuma tuone mishono. Kila Oktoba wanafanya gwaride la usiku, wakazi wamevaa kama vyombo vile vilivyotupwa. Nimeshaomba likizo.