Siku ya mechi ya mtu wa mita sita

Saa moja na nusu asubuhi. Kabla sijafumbua macho nakagua mwili. Goti la kushoto limeamka salama. Bega linalalamika, ila si kama jana. Kidole cha mwisho cha mkono wa kulia kiligoma kunyooka miaka minne iliyopita. Hicho sikiulizi tena. Nina miaka 33, nacheza mpira wa mikono daraja la pili Ufaransa, ligi inayoitwa Proligue, na leo Ijumaa tuko nyumbani.

Saa mbili na nusu nampeleka mtoto shule. Mwalimu ananipa fomu ya chakula cha mchana kwa mwaka wa masomo unaoanza Septemba. Naikunja, naitia mfukoni. Mkataba wangu unaisha Juni.

Saa nne, mazoezi mepesi, kisha video. Wapinzani wanalinda 5-1: watano kwenye mstari, mmoja mbele kumsumbua mpangaji wetu wa mchezo. Mimi ni pivoti. Kwa asiyejua: ndani ya mstari wa mita sita ni eneo la kipa peke yake, na mimi kutwa nimesimama ukingoni mwake, goli nimeligeuzia mgongo, nimebanwa katikati ya mabeki wa mita mbili wanaonivuta jezi refa akigeuka. Nikimziba mmoja wao kwa kifua, mwenzangu anapata upenyo wa kufyatua kutoka mita tisa. Yeye anafunga, mimi navilia damu ubavuni. Ndiyo kazi niliyoichagua.

Wali na kuku, kisha usingizi. Kwenye kulala sina mpinzani.

Saa kumi, ujumbe kutoka kwa Yaya (kwetu Bukavu dada mkubwa huitwa yaya, msije mkadhani nina mlezi): "Mdogo wangu, leo munacheza?" Niliondoka kule nikiwa na miaka tisa, na kwa muda mrefu ndugu walijua nacheza kikapu, maana mimi ni mrefu, basi. Mpaka Januari 2021. Kongo ilishiriki Kombe la Dunia la mpira wa mikono la wanaume kwa mara ya kwanza, kule Misri, na simu zote zikajaa video za Gauthier Mvumbi, pivoti mwenye mwili wa jabali aliyekuwa akichezea Dreux, madaraja ya chini hapa Ufaransa. Hata Shaquille O'Neal, nguli wa kikapu wa Marekani, alimtumia salamu. Yaya akanipigia: "Kumbe kazi yako ni hii?" Ndiyo, Yaya. Ni hii.

Saa kumi na mbili na nusu niko ukumbini. Mtaalamu wa viungo ananifunga vidole kwa plasta, viwili viwili. Halafu gundi. Iko kwenye kopo, rangi ya asali, harufu ya msonobari. Nachota kwa vidole vitatu, nasambaza, kisha donge dogo nalibandika kisiginoni mwa kiatu. Katikati ya mchezo nitainama kuchota tena. Mpira wenyewe una mzunguko wa karibu sentimita 60, na bila gundi huwezi kuubana kwa mkono mmoja huku mtu amekuning'inia shingoni. Tatizo ni kwamba haijui kubaki kazini. Iko kwenye usukani, kwenye kitasa cha choo, na siku moja niliikuta kwenye sikio la mtoto.

Saa mbili usiku, filimbi. Dakika 60 zinakwenda kama kumi. Dakika ya 55 tuko 25 kwa 25 na refa ameinua mkono: tunachelewesha mchezo, tumebakiwa na pasi nne. Ya kwanza, ya pili. Ya tatu inanijia chini, inadunda katikati ya miguu ya beki. Nainasa kwa mkono mmoja, nageuka, beki ananikumbatia kutoka nyuma, tunaanguka pamoja kama magunia. Penalti ya mita saba, na yeye nje dakika mbili. Winga wetu anafunga, ukumbi unaimba jina lake. Tunashinda 28 kwa 27. Karatasi ya mechi inasema mimi nimefunga moja.

Saa nne na nusu, watoto wanataka saini, kisha ni kwenda kula na wafadhili. Mkubwa wa klabu ananipiga bega, lilelile bovu: "Tutaongea wiki ijayo." Wiki iliyopita pia alisema wiki ijayo.

Saa saba usiku sina hata lepe. Mwili bado unakimbia. Niko jikoni, barafu gotini, najisugua vidole kwa mafuta ya kupikia. Naitoa ile fomu. Jina la mtoto, naandika. Darasa, naandika. Anwani kuanzia Septemba. Naweka kalamu chini, lakini karatasi haitaki kuniachia. Imenasa kwenye kile kidole kisichonyooka. Naivuta polepole. Pembe inachanika.