Kwa miguu kutoka Kagan

Nikiwa mtoto wa chuoni Tanga, Bukhari nililijua kama jina la mtu tu. Maalimu akishasema hadithi "imepokewa na Bukhari", ubishi umekwisha. Nilikuwa mkubwa nilipotambua kuwa ni nisba, jina la kumnasibisha mtu na mji wake, na kwamba mji aliozaliwa imamu, Bukhara, upo mpaka leo huko Uzbekistani. Ila aliyenitia hamu ya kuuingia kwa miguu ni mtu mwingine kabisa: Fitzroy Maclean, Mskoti aliyezaliwa Cairo mwaka 1911.

Maclean alikuwa ofisa wa ubalozi wa Uingereza mjini Paris, mahali ambapo wenzake wangelilia kubaki, naye akaomba mwenyewe kupelekwa Moscow. Asia ya Kati siku zile ilikuwa imefungiwa wageni. Mwaka 1938 alishuka stesheni ya Kagan, karibu na Bukhara, makachero wa Stalin nyuma yake, akadandia lori la marobota ya pamba. Aliposhushwa, njia iliyobaki akaimaliza kwa miguu, na usiku akalala bustanini chini ya miti.

Treni ya Bukhara inashusha Kagan hadi leo. Madereva wa teksi walinizonga. Nikawaonyesha viatu vyangu. Wakacheka, mmoja akanifuata hatua kadhaa huku akishusha bei. Nilitembea saa tatu kando ya barabara kuu, vumbi la malori usoni, mpaka nikafika mji mkongwe na kusimama chini ya mnara wa Kalon, uliojengwa mwaka 1127. Matofali yake yamepangwa kama ukili, mshipi juu ya mshipi, na kila mshipi una nakshi yake. Shingo iliniuma kwa kutazama juu.

Penye birika la Labi Hauz mzee mmoja mwenye kofia nyeusi alinisogezea nafasi. Lugha hatukuwa nayo. "Choy?" akauliza. Chai! Nikamwonyesha mkoba wangu, nikasema safari. "Safar," akaitikia, uso umemkunjuka. Akagusa daftari langu: "Daftar." Tukaendelea hivyo, kitob na kitabu, dunyo na dunia, palov na pilau, kama watoto wanaobadilishana gololi.

Wengi wakimtaja Maclean hutaja mambo yake ya Vita vya Pili vya Dunia. Kweli, yana ladha yake. Sheria haikumruhusu mwanadiplomasia kuacha kazi akapigane, lakini anayeingia siasa hulazimika kujiuzulu. Basi akajiuzulu kwa kisingizio hicho, akajiandikisha askari wa kawaida, na mwaka huohuo wa 1941 akachaguliwa mbunge wa Lancaster. Mwaka 1943 Churchill akamtuma kwa Tito, kiongozi wa wapiganaji wa msituni wa Yugoslavia, akashuka Bosnia kwa mwavuli. Kitabu chake cha safari na vita, Eastern Approaches, kilitoka 1949. Bungeni alidumu hadi 1974. Mimi nashikilia kwamba yote hayo yalianzia barabara ya Kagan. Huko Bukhara, mbele ya ngome ya Ark, Waingereza wawili, Stoddart na Conolly, walikatwa vichwa mwaka 1842 kwa amri ya amiri, mtawala wa mji. Maclean aliijua habari hiyo vizuri, na ndiyo iliyomvuta.

Kabla ya kuagana nilimpa mzee kalamu aniandikie jina la mji wake. Akaandika kwa herufi za Kirusi. Chini yake nikaliandika nilivyofunzwa chuoni, kwa herufi za Kiarabu. Akavaa miwani, akapitisha kidole polepole kutoka kulia kwenda kushoto, akalisoma kwa sauti.