Vitabu vya uigizaji: fungua kipi kwa tatizo lipi

Mtu akiuliza aanze na kitabu gani cha uigizaji, jibu linalomfikia haraka ni Stanislavski, yule mwongozaji na mwalimu wa uigizaji wa Kirusi. Ni jibu la mazoea, na kwa maoni yangu limewachelewesha wengi. Kitabu cha kwanza kiwe kile kinachofundisha kusoma mchezo wenyewe. Mengi yanayoitwa matatizo ya uigizaji ni matatizo ya usomaji: mwigizaji hajui mhusika wake kafuata nini chumbani, mwongozaji hajui onyesho limebadilisha nini, na hapo hakuna zoezi la hisia litakaloziba pengo.

Kwa kazi hiyo kuna kijitabu cha David Ball, Backwards and Forwards, cha mwaka 1983. Ni chembamba, na hoja yake moja inatosha bei yake: soma mchezo kuanzia mwisho kurudi mwanzo. Ukisoma kwenda mbele, kila tendo lina njia kumi za kuendelea. Ukisoma kurudi nyuma, unaona lipi lilikuwa halina budi kutokea ili lifuatalo litokee.

Chukua Juliasi Kaizari, ambao wengi wetu tuliusoma kwa tafsiri ya Mwalimu Nyerere. Kaizari anauawa katika tendo la 3, onyesho la 1. Kwa nini yuko pale? Kwa sababu ametoka nyumbani. Kwa nini ametoka, wakati mkewe Kalpurnia ameshamzuia naye ameshakubali kubaki? Kwa sababu Desio, mmoja wa wala njama, ameifasiri upya ile ndoto ya Kalpurnia ya sanamu inayobubujika damu, kisha akadokeza kwamba baraza limeazimia kumpa taji siku hiyo, na kwamba asipokwenda watu watanong'ona kuwa Kaizari ni mwoga. Sasa anayecheza Desio anajua kwamba maneno yake si masimulizi ya kupendeza. Yakishindwa, hakuna mauaji na mchezo umeishia hapo. Anayecheza Kalpurnia naye anajua kwamba ni lazima awe ameshinda kweli kabla Desio hajaingia. Akilia tangu mwanzo kama mtu aliyekwisha kushindwa, Desio hana la kugeuza.

Fanya kazi hii kwa kalamu. Andika tukio la mwisho chini kabisa ya karatasi, kisha panda juu, mstari mmoja kwa kila tukio, kwa mtindo wa "fulani anamfanya fulani afanye jambo fulani". Onyesho la kurasa nne au tano mara nyingi litakupa mistari kati ya mitano na kumi na miwili. Kosa linalojirudia ni kuandika hali badala ya tendo: "Kaizari ana wasiwasi" haimfanyi mtu yeyote afanye lolote. Mstari usioshikana na ulio chini yake unadai uamuzi: ama kuna kitu umekiruka, ama kipande hicho kiko kwa sababu nyingine, na mwongozaji lazima ajue sababu hiyo kabla hajaanza kukata.

Baada ya hapo ndipo Stanislavski. Jihadhari na historia ya vitabu vyake, maana inaeleza kwa nini amefahamika nusu. Alikusudia kazi moja yenye pande mbili, wa ndani na wa nje. Kwa Kiingereza upande wa kwanza ulitoka mwaka 1936, tena umepunguzwa, na upande wa sauti, mwili na mwendo wa ndani ukaja mwaka 1949. Yeye mwenyewe alifariki mwaka 1938. Kwa miaka 13 wasomaji wa lugha hiyo walikuwa na upande mmoja tu mikononi, na wengine wakajenga mafundisho mazima juu ya kumbukumbu ya hisia, yaani kukumbuka msiba wako ili umlilie mhusika. Katika miaka yake ya mwisho Stanislavski alikuwa akianzia kwenye vitendo vya mwili. Ukiweza kuchagua, tafuta tafsiri ya Jean Benedetti ya mwaka 2008, An Actor's Work, iliyounganisha pande zote mbili. Ni kitabu kinene, na kimeandikwa kama shajara ya mwanafunzi aitwaye Kostya anayefundishwa na Tortsov, hivyo ni rahisi kukisoma kama riwaya na kutoka mikono mitupu.

La kutoka nalo ni hili. Kabla ya mazoezi, gawa onyesho lako mahali ambapo mhusika anabadilisha anachokitafuta, si mahali ambapo mada ya mazungumzo inabadilika. Kila kipande kipe lengo kwa kitenzi kinachomgusa mwenzako: kumnyamazisha, kumfanya acheke, kumtoa chumbani. Kisha jiulize utajuaje kwamba umefaulu. Jibu likiwa usoni au mwilini mwa mwenzako, lengo linafaa. Likiwa ndani yako mwenyewe, kwa mfano "kuwa na huzuni", lifute. Vipande vikizidi vinne katika ukurasa mmoja, karibu hakika umekatakata mno na mchezo utachezeka kwa kushtukashtuka.

Uta Hagen, katika Respect for Acting cha mwaka 1973, anayapanga mambo hayohayo katika maswali tisa, tangu mimi ni nani, ni saa ngapi, niko wapi, hadi nataka nini, kipi kinanizuia, na nafanya nini nikipate. Swali linalojibiwa kwa uvivu kuliko yote ni la kizuizi. Waigizaji huandika jina la mhusika mwingine, wakaridhika. Kizuizi kizuri kinaonekana: mlango uko wazi na jirani anasikia, mkono mmoja umebeba mtoto, mdai ndiye mwenye nyumba. Mazoezi yake ya kurudia dakika mbili za maisha yako ukiwa peke yako yanaonekana ya kitoto mpaka uyajaribu. Hapo ndipo unagundua ni mara ngapi mikono yako jukwaani inashika vitu bila kuvitafuta kwanza kwa macho.

Tatizo likiwa waigizaji wawili wanaosema maneno yao sawasawa na bado hakuna kinachotokea kati yao, waache hao wote, ufungue Impro cha Keith Johnstone cha mwaka 1979, sura ya hadhi. Anachosema kinapimika: anayetulia kichwa anaposema anapanda hadhi, anayejigusagusa uso anashuka. Kisha shauri ambalo wasomaji wa harakaharaka hulipita: jitahidi uwe juu kidogo tu au chini kidogo tu ya mwenzako. Tofauti ikiwa kubwa mnapata bwana na mtwana wa vichekesho. Ikiwa ndogo, kila sentensi inakuwa mvutano. Rudieni onyesho mara tatu bila kubadilisha neno, kwanza mmoja yuko juu, kisha mwingine, kisha wabadilishane katikati. Mara ya tatu huonyesha onyesho linapinda wapi.

Viola Spolin, Improvisation for the Theater, 1963, ni hazina ya michezo kwa anayeongoza kundi. Nguvu yake ni kwamba kila mchezo una jambo moja la kukazia macho, na kiongozi anasahihisha huku mchezo ukiendelea badala ya kuusimamisha. Ukichukua michezo ukaacha jambo hilo moja, umebaki na burudani ya kupasha mwili moto.

Vitabu vya sauti vinahitaji tahadhari ambayo waandishi wake hawakuwa na sababu ya kuitoa, kwa kuwa waliwaandikia wasemaji wa Kiingereza. Mazoezi ya pumzi, ya kulegeza taya na ya kufungua koo yanatufaa kama yalivyo. Tatizo ni mazoezi ya mkazo. Kitabu kitakuambia usome sentensi moja mara kadhaa, kila mara ukikazia neno tofauti, usikie maana inavyogeuka. Jaribu hivyo kwa "nilimwambia". Mtenda, wakati, mtendewa na tendo vimo katika neno moja, na mkazo umekaa kwenye silabi ya pili kutoka mwisho. Ukiulazimisha kuhamia kwenye "ni" au "mw" unasikika kama mtu anayejifunza lugha. Kiswahili kinakazia kwa mpangilio na kwa maneno: "mimi ndiye niliyemwambia", "yeye ndiye niliyemwambia", "kumwambia nilimwambia". Kwa hiyo zoezi hilo ligeuze: andika sura zote ambazo sentensi ingeweza kuchukua, uone mtunzi au mfasiri alichagua ipi, na ucheze uchaguzi huo. Hali kadhalika sura zinazochambua mstari wa Shakespeare wa silabi kumi zenye mapigo matano. Ukicheza tafsiri, hesabu mizani iliyo mbele yako, usitafute mapigo ambayo hayakuvuka.

Kwa watunzi, kitabu kikongwe ndicho kinachodharauliwa. Poetics ya Aristotle ni fupi, na inapanga sehemu sita za tanzia kwa uzito: msuko kwanza, wahusika pili, kisha mawazo, lugha, muziki, na mwisho kabisa vya kutazamwa. Usikubaliane naye, lakini pitisha mswada wako katika mpangilio huo uone ni sehemu gani inabeba mzigo wa nyingine. Lugha tamu inayofunika msuko uliolegea hugundulika papo hapo.

Freytag, aliyetoa mwaka 1863 ule mchoro wa piramidi, yaani mchezo unaopanda hadi kilele kisha unashuka, ananukuliwa sana kuliko anavyosomwa. Kilele chake kiko katikati, si karibu na mwisho, kwa sababu alikuwa akichambua tanzia za Wagiriki, Shakespeare na Wajerumani wa karne iliyomtangulia. Juliasi Kaizari unakaa humo vizuri: mauaji tendo la 3, na matendo mawili ya kulipia. Mchezo wa kusisimua unaoficha siri hadi ukurasa wa mwisho haukai, na kuusukuma ukae ni kuuvunja mgongo. Lajos Egri naye, The Art of Dramatic Writing cha mwaka 1946, anamtaka mtunzi amjue mhusika kwa pande tatu: mwili, jamii na nafsi. Kosa si la Egri bali la wanaojaza dodoso. Mhusika anapenda rangi gani si habari, isipokuwa rangi hiyo itamlazimisha kuchagua. Jaza ukurasa, kisha futa kila mstari usiozaa uamuzi katika mchezo.

Upande wa ufundi, vitabu vinazeeka kwa kasi tofauti. Kanuni za macho hazizeeki. Stanley McCandless alichapisha utaratibu wake wa taa mwaka 1932 na bado unafundishwa: gawa jukwaa katika maeneo ya mita 2.5 hadi 3 kila moja, na kila eneo liangazwe na taa mbili kutoka mbele, moja kila upande, zikiwa nyuzi 45 kutoka mstari wa katikati, moja rangi ya joto na nyingine ya ubaridi. Tofauti ya rangi ndiyo inayoupa uso umbo. Taa mbili za rangi na nguvu ileile huutandaza. Maeneo sita yanataka taa 12. Ukiwa na nne tu, angaza maeneo mawili vizuri na upange mchezo humo.

Kwa kimo cha taa, nyuzi kati ya 35 na 45 humfaa mtazamaji. Ikizidi, matundu ya macho yanakuwa meusi. Ikipungua, kivuli cha mwigizaji kinapanda ukutani. Hesabu ya nyuzi 45 ni nyepesi: taa ikiwa mita 5 juu na macho ya mwigizaji mita 1.6, tofauti ni mita 3.4, basi umbali wa sakafuni nao uwe mita 3.4. Wanaoanza huelekeza taa wakitazama duara lililo sakafuni. Duara hilo liko nyuma ya mwigizaji, na penye kimo cha kichwa miale imekwishasogea. Simamisha mtu, elekeza taa usoni, kisha mtembeze polepole kutoka eneo hadi eneo huku ukiangalia uso wake tu. Ukifika penye giza, ongeza mwingiliano wa miale, siyo nguvu ya taa.

Sura za vifaa ndizo zinazooza. Kitabu cha kabla ya taa za LED kitakufundisha kupitisha umeme wa kila taa kwenye kifaa cha kupunguza mwanga. Taa nyingi za LED za jukwaani zinataka umeme kamili muda wote na hupunguzwa kwa amri ya mitambo, na ukizipitisha kwenye kifaa hicho zinaweza kumetameta au kuharibika. Mambo ya kuning'iniza vitu juu ya vichwa vya watu usiyachukue kitabuni hata kama ni kipya. Hayo ni ya fundi aliye mbele yako.

Katika vitabu vya mandhari, angalia kipimo cha michoro kabla ya kukata ubao. Vya Marekani hutumia nusu inchi kwa futi moja, yaani 1:24. Vya kipimo cha mita hutumia 1:25. Tofauti inaonekana ndogo, lakini ukuta wa mita 6 uliochorwa kwa 1:24 ukisomwa kwa rula ya 1:25 unakuwa mita 6.25, na mlango hauingii mahali pake. Kulia na kushoto ni kwa mwigizaji anayewatazama watu. Kisha, kabla ya rangi, chora mistari kutoka viti viwili vya mwisho vya safu ya kwanza kupita ukingo wa mapazia ya pembeni: kila kilicho nje ya mistari hiyo kuna mtu hatakiona, na kila nafasi iliyobaki wazi kuna mtu ataona waliojificha.

Msimamizi wa jukwaa anahitaji sura moja tu, ya daftari la kuongozea. Chapa mchezo upande mmoja wa karatasi, ukurasa unaoutazamana uwe mtupu kwa ajili ya ishara, yaani amri za kubadilisha taa na sauti. Taa zipewe namba, sauti zipewe herufi, ili mtu aliyechoka asichanganye. Onyo la kujiandaa liandikwe karibu nusu ukurasa kabla ya ishara yenyewe, na neno la kuamuru lisitamkwe kwenye vipaza vya masikio kwa jambo lingine lolote. Mwongozaji akiongeza ishara kati ya 14 na 15, iite 14.5. Ukianza kupanga namba upya siku mbili kabla ya kucheza, fundi wa taa atakuwa na orodha moja na wewe nyingine.