Kigodoro Manzese, na mama aliyenikalisha mkekani

Nimetoka Dodoma na SGR, daraja la kawaida 31,000, nikashuka Dar jioni na begi langu la kamera. Gesti ya Manzese sina la kuisifu, elfu 25 na feni haizunguki, kwa hela hiyo kwetu unalala pazuri. Nilichofata ni kutengeneza filamu ya mziki wa singeli, tena singeli ya mtaani kwenye shughuli za watu, sio ya jukwaani ambako kila mtu anaitazama kamera.

Ilikuwa kigodoro, yani ngoma ya kukesha mtaani, mkesha wa harusi, mwenye shughuli na mjumbe wote nilishaongea nao. Mziki ulipofunguliwa, aisee! Singeli inakimbia mapigo 200 kwenda juu kwa dakika, DJ ana laptop tu, anachukua kakipande ka taarabu anakakimbiza mpaka sauti inakuwa ya kitoto, MC anapita humohumo hata pumzi huoni anavuta wapi. Kwa fremu 25 kwa sekunde miguu ya wachezaji inakuwa ukungu mtupu, nikapandisha 50. Sauti narekodi na maiki mbili, moja nimeishusha chini kabisa maana zile spika zinapasua kila kitu.

Sasa niko katikati, kina dada wanakata viuno, mama mmoja kanishika mkono.

"Baba, hiyo video unaipeleka wapi?"

Nikamwamkia, nikamweleza natengeneza filamu na ruhusa ninayo.

"Ruhusa kakupa mwenye shughuli, hawa wanaocheza wamekupa? Mdogo wangu walimrekodi hivihivi, ikazunguka kwenye magrupu ya wasap mpaka mumewe ikamfikia. Njoo huku."

Akanipeleka uani, mkeka ukatandikwa, wakaja wadogo zake na mashangazi wa bibi harusi, anataka tuziangalie video zote nilizorekodi, moja moja. Mziki unaendelea kule nje, mimi niko kwenye mkeka nimezungukwa. Hii futa, nikafuta. Hii acha. Kuna shoti ya binti, kanga kiunoni, taa ya kijani imempiga ubavuni, kiukweli ndo ilikuwa nzuri kuliko zote, wakasema futa, nikafuta na iliniuma sana. Lakini hapohapo wakawa wananielezea ninachokiona: huyu anayecheza kampa mgongo makusudi yule wa gauni la njano, wamegombana kwenye kikoba hawasalimiani, na kile kipande DJ alichokirudia rudia kaombwa, katunzwa na hela kabisa, ni mchambo huo, mafumbo ya kumsema mtu, unapelekwa. Bila wale kina mama ningeondoka Manzese na viuno tu kwenye memori kadi. Kulikucha tunaongea, wakaniwekea na chai.

Kesho yake sikufanya lolote la maana, nililala.

Kwenye treni ya kurudi nikawa nawaza nyumbani. Kina mama wa Kigogo kule Dodoma wanavyopiga muheme, ngoma mtu kaibana mapajani, toka niko mdogo wageni wanakuja na kamera zao wanarekodi wanaondoka, na sijawahi kumuona mama hata mmoja pale kijijini kwetu anaonyeshwa alichorekodiwa. Inaniudhi mpaka leo, afu mimi nije nifanye hivyohivyo kwa watu wa Manzese? Hapana.

Hii filamu ikiisha inaanza kuonekana palepale mtaani kabla ya tamasha lolote. Nimeshaulizia projekta na jenereta, wanataka laki mbili kwa usiku mmoja, bei mbaya kabisa, ila ntalipa.