Mashine yanywa lita 120, mi nawekewa moja

Mi ni fundi wa nakshi hapa Malindi, nimechonga milango na makasha tangu ujanani, halafu figo zikafeli. Presha ndo ilizila polepole na mi sihisi chochote mpaka miguu ikafura na pumzi ikawa shida. Sa hivi mwaka wa tatu nasafishwa damu Jumatatu na Alhamisi, masaa manne kila mara.

Sindano nilizizoea. Shida ilikuwa mkono. Nilipasuliwa mkono wa kushoto, mishipa miwili ikaungwa ili mmoja unenepe upate kuingia sindano zile nene, wenyewe waita fistula (na ukiitaja mtaani mwanamume mzima watu wakuangalia vingine, wao wajua fistula ni ya kina mama walioumia kwa uzazi, nimechoka kueleza). Ukiugusa wavuma kama nyuki kwenye kopo. Mkono huo haubebi mzigo, haupimwi presha, haulaliwi, na patasi naishika kwa huohuo. Karibu miezi sita sikuchonga kitu.

Kilichonitoa ni kuboeka tu. Umelala masaa manne, kushoto kumefungwa, kulia kuko huru, nikaanza kwenda na daftari na penseli nachora kilichoko mbele yangu, pampu inavyozunguka ikikamua mpira wa damu, na ile chujio. Chujio ni kama tochi ndefu ya plastiki, ndani mna nyuzi zaidi ya elfu kumi zenye tundu katikati, damu yapita ndani ya uzi na maji yapita nje. Siku moja nikaomba nioneshwe mpya, nikaichungulia kwa kichwani, wallahi vitundu vimebanana kama sega. "Sista, hii ni nakshi kabisa!" Akacheka, "Fundi, tulia usitingishe mkono."

Nyumbani nikatafuta jiriwa ya mtumba, sa hivi kibao chabanwa na chuma, nyundo nimeacha, nasukuma patasi kwa kulia kidogokidogo na kushoto kwaelekeza tu. Milango basi tena. Nachonga vibao vidogo vya mwembe, kazi ya siku yachukua wiki, na nikitoka kwa mashine siku hiyo sishiki kitu, nakuwa kama shuka lililokamuliwa.

Nilipojua kwamba Mholanzi Willem Kolff mwaka 1943, vita vimechacha, mashine yake ya kusafisha damu aliiundia ngozi za soseji za selofani, nilifurahi sana. Fundi mwenzangu huyo, kaokota alichopata akaunda.

Kibao nilicho nacho sa hivi ni cha maji. Kila nikilazwa pale mashine yapitisha kama lita 120 za maji yaliyosafishwa, na mi naruhusiwa moja kwa siku, chai na mchuzi humohumo. Madafu ndo marufuku kabisa sababu ya potasiamu, madini ambayo figo zilizofeli haziyatoi mwilini, mtu wa Malindi akatazwe dafu jamani! Mama wa madafu pale steji huniita "mwanangu, njoo upoe", mi navuka barabara.

Basi nachonga vitundu 120, na kimoja pembeni nimekiacha peke yake, hicho changu. Mzee wa kitanda cha pili kila Alhamisi aniuliza, "Umefika wapi, mwanangu?" Juzi nimemwambia cha 74.