Siku moja maishani mwangu: kibarua wa palizi

Saa kumi na moja alfajiri naamka, kumi na mbili tushaingia shambani huku Misungwi, Mwanza, mahindi yako kiunoni, kila mtu kapimiwa ngwe yake. Watu wanasema palizi ni kazi ya asiyejua kitu, haya njoo basi.

Mpaka saa nne jembe tu. Kongwa, lile gugu linalotambaa, ukilikata ukaliacha kwenye udongo wa mvua linashika tena, unalibeba unalitupa nje. Mgagani ni mboga, haufyekwi ovyo, kina mama wanachuma kwanza wakakaushe nsansa, mboga kavu ya akiba. Tukala michembe, viazi vitamu vilivyokaushwa, na chai ya rangi.

Saa tano hivi bosi akashuka na bodaboda, mwamvuli mkononi, moja kwa moja kile kipande cha chini kilichojaa gugu la kiduha, kimechanua pinki yote. "Jamani maua mazuri, yaacheni kwanza nipige picha." Nikamwambia mama, hiki ni kiduha, kimejishika kwenye mizizi kinanyonya mahindi, ona yalivyosinyaa na mvua imenyesha juzi. Mche mmoja ukikomaa unamwaga mbegu maelfu, ndogo kama vumbi, zinakaa ardhini zaidi ya miaka 10. Akasema basi pitisheni jembe mmalize. Mama, ukikata kinachipua tena, hiki kinang'olewa kwa mkono, kinaingia kwenye kiroba, kinachomwa. Akampigia simu shemeji yake wa mjini, shemeji akasema pulizeni dawa ya kuua majani yote, sasa ile si inaondoka na mahindi yenyewe?? Mzee mmoja tunayefanya naye kazi akamwambia mwakani hapa panda pamba, mizizi yake inaziamsha mbegu za kiduha, zikiota hazina pa kunyonya zinakufa. "Pamba na bei hizi?" Basi tumesimama juani tunajadili bei ya pamba na ngwe haijaisha.

Mchana wote ni kuinama, kung'oa, kuinama, saa ngapi sikuangalia, mgongo hausikii, kishonanguo kimejaa suruali hadi magotini, mbigili imetoboa ndala.

Jioni bosi anataka kulipa bei ya jembe kwa kazi ya mkono. Tukagoma kuondoka. Kabishana wee, mwisho akaongeza buku mbili kila mtu, halafu akapanda boda na kiroba chote cha maua hakijachomwa, ikabidi mzee amkimbilie kukiteremsha.